Sabini na Nne Toa Moja Nukta Mbili Tano

Walinipa kalamu msimu ule, na kitabu cha risiti chenye kaboni,
kwa kuwa nilifika kidato cha nne
na mwandiko wangu, walisema, umenyooka.
Chama cha msingi, Kitangari. Mabibo yanachacha chini ya mikorosho,
nzi wamelewa uraka kabla ya wenye shamba.

Kazi yenyewe: gunia linaning'inia, mizani inasema sabini na nne.
Mizani kongwe, haina ulimi wa vipande.
Gunia tupu nalo lina uzito wake,
kilo moja nukta mbili tano,
na nani atanunua katani kwa bei ya korosho?
Kwa hiyo toa.

Nikatoa. Nne toa moja, tatu. Saba ikakaa palepale.
Ile mbili tano ya nyuma ya nukta haikuwa na mtu juu yake,
nikaishusha hivihivi, kama mzigo uliosahauliwa kituoni.
73.25. Muhuri.
Siku kumi na moja nikapiga muhuri.

Walinipenda, usiniulize kwa nini.
Mmoja aliniletea kuku. Nikadhani ni adabu.

Siku ya kumi na mbili akaja Bi Somoe Likanga, magunia sita,
na bintiye Asumini, darasa la tano, soksi mguu mmoja.
Mtoto akachungulia kitabu, akasema,
"Kaka, hiyo hukuitoa. Umeishusha tu."
Mama akamtazama
kama mtu aliyemwaga ndoo ya maji, na huku maji tunanunua.

Asumini alishachuchumaa. Kwa kidole, kwenye vumbi jekundu la sakafu,
akaandika sabini na nne, akaweka nukta,
akaongeza sufuri mbili.
"Hazina uzito," akasema, "ila zinashika nafasi."

Kisha: sufuri ya mwisho inadaiwa tano, haina kitu.
Inabisha hodi kwa jirani. Jirani naye sufuri.
Wanavuka nukta wote wawili mpaka kwa nne.
Nne anatoa moja, anabaki tatu, hanung'uniki.
Moja ile ikifika ng'ambo ni kumi;
wa kati anabaki na tisa, anampa wa mwisho kumi yake.
Kumi toa tano. Tisa toa mbili. Tatu toa moja.
72.75.

Nusu kilo. Kila gunia, nusu kilo ya hewa
nimeigongea muhuri wa chama.

Hapa kwetu kukopa ni neno lenye meno.
Kangomba anakuja Februari na elfu ishirini,
mtoto anaumwa, unapokea,
Oktoba anarudi kuchukua gunia na jina lako.
Sijawahi kuona mkopo kama ule wa sakafuni:
aliyekopa anapata cha kutoa, aliyekopesha anajulikana kapungua nini,
na hesabu ikiisha hakuna anayejificha akisikia pikipiki.

Bi Somoe alikaa kimya hadi gunia la sita.
Kisha akaniambia, si kwa hasira sana,
"Daftari nanunua mimi, kalamu nanunua mimi,
halafu ananipunguzia kilo tatu."
Akatia kidole kwenye wino, akabonyeza.
Nilipoangalia tena, vumbi lilikuwa limefagiwa na pindo la kanga yake.

Nilirudia vitabu vyote usiku, kwa kibatari.
Magunia mia nne na kumi na mbili.
Kilo mia mbili na sita ambazo hazikuwahi kuota popote.
Elfu tatu kila kilo; na chama hakisamehi hewa.

Mshahara wangu wa msimu: laki saba.
Toa laki sita na elfu kumi na nane.
Nikaandika mwenyewe, polepole, kila tarakimu chini ya mwenzake.
Saba akakopesha, akabaki sita,
sita akatoa sita.
Elfu themanini na mbili, taslimu.

Kuku nilishamla.